Aliyebaki Mlangoni

Mdogo wangu Dezire ameniletea mifuko minne ya sima, yaani saruji, akaipanga kwenye korido yangu hapa Nyakabiga bila kuniuliza. Ni ya kaburi la baba. Anataka lipigwe zege, kisha juu liwekwe vigae vyeupe, kwa sababu makaburi ya jirani yote yana vigae na yeye hataki watu waseme mzee wetu alizikwa kama mbwa. Nimemwambia apana. Nimesema udongo unatosha, nitapanda maua, nitapalilia mwenyewe kila Jumamosi. Basi ukoo mzima umenikalia kikao. Shangazi amesema nina mkono wa birika, mke wa Dezire amesema labda nina jambo langu na marehemu, na mimi nimenyamaza, maana nikifungua mdomo nitasema yasiyosemwa kwenye kikao.

Tatizo ni harufu. Juzi mvua ilinyesha, bati la korido linavuja, mfuko mmoja ukalowa kwenye kona. Nilipotoka asubuhi kuchemsha maji nikakutana nayo, ile harufu ya baridi, ya jiwe na chokaa, inayopanda moja kwa moja mpaka nyuma ya macho. Nikaketi pale pale sakafuni na sufuria mkononi. Nyinyi wa rika langu mtanielewa. Sisi tulifundishwa kunyamaza, na mtu akinyamaza miaka yote hiyo, siku akianza kusema husema mengi kuliko alivyopanga.

Tuliishi Zone Industrielle, mtaa wa viwanda upande wa bandarini, kabla soko la katikati ya mji halijaungua. Baba alikuwa zamu, ndivyo tunavyomwita mlinzi hapa Buja, zamu wa depo moja, ghala la chumvi na maharage. Mwenye depo tulimwita patroni, hata mama alipokuwa anamsema vibaya. Patroni alitupa chumba kimoja pembeni mwa geti, na chumba kile ndicho kilichokuwa uhai wetu. Kazi ikienda, chumba nacho kinakwenda, na pengine pa kwenda hatukuwa napo. Watu wa baba walikuwa wametawanyika tangu vita, na mama habari za kwao alikuwa hazitaji kabisa. Nilikuwa mtoto mdogo, lakini hilo nililijua kama nilivyojua jina langu.

Nyuma ya depo palikuwa na uwanja ambao hakuna aliyeutumia. Majani marefu, mifupa ya lori bovu, na kichuguu kikubwa kilichoegemea ukuta. Mchwa walishahama zamani. Ndani walikaa nguchiro. Kama hujawahi kumwona nguchiro, mfikirie paka mwenye miguu mifupi, mwili mrefu, pua iliyochongoka, na mistari myeusi inayomkata mgongo mpaka karibu na mkia. Hawa wa kwetu walikuwa kundi, ishirini na zaidi, na mama aliwaita watu wa shimoni.

Hawakuamka mapema. Walingoja jua likiguse kichuguu, ndipo kichwa kimoja kinatokeza, kinanusa, kinarudi ndani, kisha wanamiminika wote. Wanajinyoosha, wanasuguana mbavu, wananung'unika kwa sauti ndogo isiyokatika. Kunung'unika kule ndiko kulikowaweka pamoja ndani ya majani. Aliyeacha kuwasikia wenzake alisimama akaita, na daima kulikuwa na mmoja wa kurudi kumfuata. Wakikuta konokono mwenye gamba gumu au yai la ndege, mmoja alilishika kwa mikono, akaugeuzia ukuta makalio, akalirusha nyuma katikati ya miguu mpaka lipasuke. Nilikuwa nacheka mpaka nashika tumbo. Hakuna kitu kilichonifurahisha zaidi siku zile, ingawa kusema kweli sikuwa na vitu vingi vya kulinganisha.

Wakati wengine wanachimba, mmoja alipanda juu ya injini ya lile lori, akasimama kwa miguu ya nyuma, mikono imelegea kifuani. Mwewe akipita, alitoa mlio mmoja mkavu na uwanja mzima ukabaki mtupu. Baba alimpenda sana yule wa juu ya injini. Alisema ni zamu mwenzake, tofauti yao ni kwamba yule akichoka kuna mtu wa kumpokea. Alikuwa na mizaha ya namna hiyo, baba yangu, mizaha ambayo ukiifikiria usiku haikuletei usingizi.

Mama alilima lengalenga, mchicha wa kwetu, na maharage kando ya ukuta. Kila siku watu wa shimoni walipita humo wakipekua udongo kwa kucha, wakitoa wale funza weupe wanaokata mizizi, na jongoo, na nyenje. Mama, ambaye hasifu mtu bure, alisema hajapata kuona kibarua wa kumsaidia shamba kama hao. Vile vishimo walivyoviacha vilikamata maji ya mvua na kuyashusha ardhini, yasije mlangoni kwetu. Mashimo yao ya zamani yalikaliwa na vyura na mijusi. Na panya wa depo, waliojaa chini ya magunia, hawakuthubutu kuweka hata sharubu nje mchana.

Siku moja nilimwona nyoka aina ya fira anatoka upande wa choo, mweusi, mrefu kuliko baba. Yule wa juu ya injini alilia mlio ambao nilikuwa sijausikia, na safari hiyo hawakukimbia. Walikusanyika, wakabanana bega kwa bega, wakasonga mbele kama mnyama mmoja mkubwa. Fira alitanua shingo akatema. Mmoja wao alipatwa machoni, akaanza kuzunguka kipofu, na wawili wakatoka kwenye kundi wakamweka katikati. Wengine waliendelea kusonga mpaka nyoka akageuka akapenya chini ya ukuta. Mama alikuwa amesimama na ndoo ya maji, mimba ya Dezire imeshakuwa kubwa. Akasema polepole kwamba wale ni watu kuliko watu wengi aliowajua yeye.

Kisha Dezire akazaliwa. Kwa watu wa mama yangu, nyumba yenye mtoto mchanga haiachwi tupu, hata kwa muda wa kuchota maji. Lazima mtu akae mlangoni, mpaka shingo ya mtoto ikaze. Mama alipokwenda bustanini au bombani, aliyekaa mlangoni nilikuwa mimi. Hakuna aliyenieleza sababu, sisi watoto wa wakati ule tulielezwa nini? Ila wiki ile ile nilikuwa nimevunja termosi, ile chupa ya chai nyekundu yenye maua aliyoletewa mama alipoolewa, na hakunipiga. Nilingoja kipigo, hakikuja. Kikaja kiti cha mlangoni. Nikatia akilini mwangu nikaona, kumbe hii ndiyo adhabu yenyewe. Watoto wa depo ya pili wanacheza mpira wa matambara nje ya geti, mimi nimefungwa hapa na mtoto anayelala kutwa.

Kutoka kwenye kile kiti, ukipitisha macho kati ya tangi la maji na ukuta wa depo, unakiona kichuguu. Ndivyo nilivyogundua mfungwa mwenzangu. Siku hizo kundi lilikuwa likienda linamwacha mmoja kwenye mdomo wa shimo. Anakaa pale mpaka jioni, hali, hanywi, anayatazama majani walikopotelea wenzake. Kesho yake alibaki mwingine, mwenye sikio lililochanika. Keshokutwa mwingine tena. Nikasema moyoni, wee, hawa watu wana makosa mengi, kila siku kuna aliyevunja termosi.

Nilimhurumia sana, yeyote aliyekuwa pale. Mama alikuwa amepoteza damu nyingi akijifungua, na nesi alisema ale yai kila siku, basi mayai ya kuku wetu wawili yaliwekwa kwenye kikapu chini ya kitanda, na hakuna mwingine aliyeruhusiwa kuyagusa. Nilichukua moja. Dezire amelala, mama yuko bombani, nikaondoka kwenye kiti nikakimbia mpaka nyuma ya depo, nikaliviringisha lile yai kuelekea kwa mfungwa. Alilinusa, akalipasua ukutani, akalilamba mpaka ganda likang'aa. Nikarudi mbio. Nilifanya hivyo mara nne, labda tano. Mama alipoona mayai yanapungua alisema ni paka wa bandarini, na mimi nikaitikia kwamba wale paka ni wezi kweli. Fikiria mwenyewe, nilikuwa nimeiba chakula cha mzazi na nimeiacha tupu nyumba yenye mtoto mchanga. Kwa mama yangu hayo si makosa mawili, ni makosa yasiyo na jina.

Haikupita wiki, patroni akaja na pikapu yake. Sakafu ya depo ilikuwa imepasuka, ufa mrefu kutoka mlangoni mpaka kwenye magunia. Alizunguka nje akaona mashimo yanaingia chini ya ukuta, na hakuhitaji kuona kitu kingine. Alimsema baba mbele ya mama. Zamu gani huyu, alisema, anayeishi kwa amani na wanyama wanaobomoa nyumba anayoilinda. Akampa mpaka Jumamosi. Wanyama wawe wametoka, la sivyo tutoke sisi, na mtu wa kuchukua kile chumba alikuwa naye tayari. Alisema kwenye gari ana unga wa sumu ya pamba, kijiko kimoja ndani ya ndagala, dagaa wa hapa, kinatosha.

Baba alivua kofia. "Patroni, sumu apana," alisema. "Niko na mutoto muchanga, na kuku wanatembea hapa. Nitafunga mashimo na sima. Jumamosi utakuta yamekwisha."

Patroni akasema yeye hajali njia. Jioni baba alimweleza mama mpango wake, nami nikiwa kwenye mkeka nasikia. Atangoja watoke wote kwenda kula, ndipo fundi azibe. Watarudi, watakuta mlango umefungwa, watalia siku moja, watakwenda kutafuta shimo lingine mtoni, maana nguchiro hakosi nyumba ya pili. Hakuna atakayekufa, na sisi hatutahama. Mama alikuwa ananyonyesha. Aliuliza kama ana uhakika, baba akasema ana uhakika, na nilimwamini kwa moyo wote kwa sababu nilitaka kumwamini.

Jumamosi akaja fundi Ramazani kutoka Buyenzi, mzee mwenye ndevu nyeupe na kofia ya Kiislamu, anasukuma baiskeli yenye mfuko wa sima kila upande. Kundi lilikuwa limeshaondoka. Nilikuwa kwenye kiti changu. Nilimwona mfungwa wa siku hiyo, yule mwenye sikio lililochanika, anawatazama wale wanaume wanavyokuja na sepeto. Hakukimbilia majani. Aligeuka akazama ndani ya shimo, na nikauona mkia wake unapotea.

Fundi alichanganya mchanga na sima, akamwaga maji, harufu ikajaa uwanja wote. Walisukumiza mawe kwenye mashimo madogo. Walipofika kwenye shimo kubwa, fundi Ramazani alipiga magoti, akaweka sikio. Alikaa hivyo kitambo.

"Zamu," alisema, "kweli hakuna kitu mu shimo? Mi sifungi kitu chenye roho. Mungu ataniuliza."

Baba aligeuka akanitazama pale mlangoni, akaniita. Nilimwambia kwamba mtoto amelala ndani, akasema njoo tu, mama yako yuko hapo karibu. Nikaenda. Akamwambia fundi kwamba mimi ndiye ninayewaangalia wale wanyama siku nzima, mimi ndiye ninayejua. Kisha akachuchumaa mpaka uso wake ukawa sawa na wangu. Hakuwahi kufanya hivyo kabla.

"Sema kweli, mutoto wangu. Wote wametoka?"

Niliuona ule mkia tena. Nikawaza, nikisema amebaki mmoja wataniuliza unajuaje, na kutoka hapo kwenda kwenye mayai ni hatua moja, na kutoka kwenye mayai kwenda kwenye nyumba iliyoachwa tupu ni nusu hatua. Nikawaza pia, Mungu anisamehe, kwamba ni mmoja tu, na ni mkosaji, hata wenzake wamemwacha. Atachimba atatokea kwingine. Na upande wa pili kulikuwa na chumba chetu, kitanda, mama ambaye alikuwa bado hawezi kuinua ndoo iliyojaa.

"Wote," nikasema.

Baba aliendelea kunitazama kidogo. Kisha akasimama, akapangusa magoti, akamwambia fundi, "Umesikia." Fundi akasema bismillahi, akaanza kumimina. Kabla ya adhuhuri kazi ilikuwa imekwisha, pale penye shimo pamekuwa bapa la kijivu linalong'aa kwa maji, laini. Fundi alinipa pipi ya mnanaa kutoka mfukoni mwake, nikaila.

Walirudi mnamo saa kumi. Nilianza kusikia manung'uniko yao kwenye majani, ya kawaida kabisa, ya watu walioshiba wanaorudi nyumbani. Wa kwanza alilikanyaga lile bapa akasimama. Akanusa. Akaita. Sasa wote wakaja juu ya bapa, wanakwaruza, wanaacha alama za vidole vyao kwenye sima ambayo ilikuwa haijakauka vizuri, wanakimbilia mashimo ya pembeni na kukuta mawe. Sikuwahi kusikia sauti zile. Nikasogea karibu, hawakunijali hata. Ndipo nikasikia kutoka chini mtu anawajibu. Na si mmoja. Zilikuwa sauti nyingi, nyembamba, kama za vifaranga ndani ya boksi.

Watoto. Yule hakuwa mfungwa. Nilisimama pale na ile ladha ya mnanaa bado mdomoni, nikaelewa kwa mara moja kiti cha mlangoni ni cha nini, chake na changu.

Nilimkimbilia baba getini. Nilimwambia kuna mmoja amebaki, na kuna watoto, wadogo, wanalia. Mayai sikuyataja. Aliingia stoo akatoka na mtaimbo, akatembea kwa haraka mpaka nyuma, na mimi nyuma yake nikiwa nimejaa furaha, maana niliona kitu kimekwisha kutengenezeka. Nguchiro walirudi nyuma hatua chache wakasimama, wote, wanatutazama. Sima bado ilikuwa mbichi. Mapigo mawili ya mtaimbo yangeifungua kama ganda la yai. Baba akauinua juu.

Mama alikuwa ametoka. Alisimama kwenye kona ya tangi, Dezire mgongoni, amefungwa kwa kitenge. Baba alimwona. Niliona macho yake yanatoka kwa mama yanakwenda kwa mtoto, yanakwenda kwenye mlango wa chumba chetu uliokuwa wazi nyuma yao, yanarudi kwenye sima. Akaushusha mtaimbo taratibu, bila kugusa chini, akauegemeza ukutani kwa uangalifu kama chombo cha kuazima.

"Nenda ukae na mutoto," akaniambia.

Kulikuwa hakuna wa kukaa naye, Dezire alikuwa mgongoni kwa mama. Nilikwenda hivyo hivyo, nikaketi kwenye kiti changu.

Walilia chini kule siku mbili. Baba alifungua redio asubuhi na kuifunga usiku, Kirundi, Kifaransa, kwaya, chochote. Wa juu walichimba pembeni mwa bapa mpaka kucha zikatoka damu, wakapokezana, aliyechoka anakaa kando mwingine anaingia, na mchana wa jua kali hawakwenda kula. Siku ya tatu chini pakanyamaza. Walikaa siku moja zaidi, hawachimbi tena, wamelala tu juu ya ile sima wamerundikana. Kisha asubuhi wakaondoka kwa mstari kupitia mtaro, upande wa mto Ntahangwa. Wa mwisho alisimama kwenye mdomo wa mtaro akaita, akangoja, akaita tena. Halafu naye akaenda.

Patroni alifurahi. Chumba kilibaki chetu miaka saba mingine, na Dezire alijifunzia kutembea mle, sitaki kujifanya kwamba hilo ni dogo. Lakini ule ufa uliendelea kurefuka. Ulikuwa unatokana na mchanga wa ziwa kukaa chini ya malori mazito, haukuwahi kuwa wa nguchiro, na patroni alipolijua hilo alileta fundi mwingine akaupaka lami. Funza waliimaliza lengalenga ya mama msimu ule ule. Panya walitoka mchana, wakapanda mpaka kwenye kitanda cha mtoto, mama akawa anamlaza ndani ya beseni lililoning'inizwa. Mvua zilipokuja, maji yalipita juu ya ardhi ngumu mpaka kwenye mkeka wangu. Na fira alirudi akiwafuata panya. Tangu hapo mama hakwenda chooni bila fimbo, na mimi niliikojolea nguo nikiwa mkubwa kiasi kile kwa kuogopa kwenda, na kwa hilo ndipo nilipopigwa.

Nimekuja kusoma baadaye jinsi wanavyoishi. Majike ya kundi huzaa karibu siku moja, watoto wanachanganywa shimoni, na hakuna anayejua wala kuuliza yupi ni wa nani. Anayebaki mlangoni anashinda na njaa kutwa nzima kwa ajili ya watoto ambao huenda hakuna hata mmoja wake. Nilifunga kile kitabu nikakirudisha. Ilikuwa maktaba ya shule ninayofundisha, na wanafunzi walikuwa wananitazama.

Neno moja nimelibeba maisha yangu yote. Mume wangu hajui, watoto wangu hawajui. Mtu akiniuliza swali lenye jibu jepesi, umefunga geti, wote wamekula, wote wamefika, nakwenda kuangalia mwenyewe kwanza ndipo nijibu. Nimekwenda kuungama kwa padri, akaniambia mtoto wa umri ule hana dhambi ya mauti, na ya wanyama haihesabiki hivyo, nikasali salamu nilizopewa na nikatoka nikiwa vile vile.

Miezi yake ya mwisho baba alikaa kwangu. Miguu ilikuwa imekufa, kichwa kilikuwa chake kabisa. Mchana mmoja nilikuwa namlisha uji, sijui ni nini kilinisukuma, nikaanza kusema. Nilisema termosi, nilisema mayai, nilisema mkia niliouona ukiingia, nikasema nilikudanganya baba, ulichuchumaa ukaniuliza nikakudanganya, na hao watoto niliwafungia mimi. Nililia kama mjinga na kijiko mkononi. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Nilijua," akasema.

Nikadhani hakunielewa. Akaniambia utotoni alichunga ng'ombe kule bondeni Imbo, na huko kila mchungaji anajua kwamba shimo la nguchiro likibaki na mtu mlangoni, ndani kuna watoto. Alimwona yule wa mlangoni wiki nzima. Alijua hata kabla patroni hajaja. Aliongea kwa utulivu, anapumzika kati ya maneno, kama mtu anayekabidhi funguo.

Nilimuuliza kwa nini basi aliniita, kwa nini aliniuliza mimi. Uji ulikuwa unapoa.

"Fundi alikuwa anataka jibu, na mi sikuweza kulitoa kwa kinywa changu," akasema. "Kitu kama kile ni kizito, mutoto wangu. Nilitaka tuwe wawili."

Nilimfuta mdomo, nikamlaza, nikamvutia shuka mpaka kifuani. Siku ile aliyochuchumaa mbele yangu nilikuwa na miaka minane.